Binti wa Mkuu wa Posta wa Vardø

Berlin ya mwaka 1917 ilikuwa na njaa. Vita Kuu ya Kwanza ilikuwa imedumu zaidi ya miaka miwili, manowari za Uingereza zilikuwa zimeziba njia za bahari, na katika majira ya baridi yaliyokuwa yamepita watu walikula tanipu, mizizi ambayo kabla ya hapo walilishwa ng'ombe. Mkate uligawiwa kwa kadi. Makaa ya mawe hayakutosha. Katika mji huo, mwaka huo, dada watatu kutoka Norway walifungua kampuni ya filamu na kuipa jina la ukoo wao: Egede-Nissen.

Mkubwa alikuwa Aud, aliyezaliwa Mei 30, 1893. Gerd alimfuata kwa miaka miwili, na Ada alizaliwa mwaka 1899. Hakuna hata mmoja aliyefika miaka 25. Hawakuwa raia wa Ujerumani, hawakuwa na baba tajiri, na biashara waliyoiingia ilishikwa na wanaume kuanzia benki hadi chumba cha kusafishia filamu. Kampuni ilidumu hadi mwaka 1920 na ilitoa filamu zaidi ya 20. Vitabu vingi vya historia ya sinema vinamtaja Aud kama sura nzuri iliyopita mbele ya kamera za Fritz Lang, Ernst Lubitsch na F. W. Murnau. Vichache vinakumbusha kwamba kabla ya kuajiriwa na hao wote, alishakuwa na kampuni yenye jina lake.

Alizaliwa Bergen, mji wa biashara wa magharibi mwa Norway, lakini alikulia mbali zaidi ya hapo. Baba yake, Adam Egede-Nissen, aliteuliwa kuwa mkuu wa posta wa Vardø mwaka 1897. Vardø ni mji ulio kisiwani, mashariki kabisa mwa Norway. Wakati wa baridi jua halichomozi kwa muda wa karibu miezi miwili. Wakati wa kiangazi halizami. Kila mwaka wafanyabiashara wa Kirusi walifika kwa jahazi zilizobeba unga na mbao, wakarudi kwao na samaki. Watoto wa mkuu wa posta waliona mabaharia wa mataifa tofauti kabla hawajaona ukumbi mkubwa wa maonyesho.

Baba huyo hakuwa mtumishi wa umma wa kawaida. Alijifunza Kirusi, akaingia bungeni, na kwa miaka mingi alisaidia kupenyeza maandishi ya wanamapinduzi hadi katika himaya ya mfalme wa Urusi. Bandari ya Vardø ilimrahisishia kazi, na ofisi ya posta ilimrahisishia zaidi. Baadaye alikuwa meya wa Stavanger, na kuanzia mwaka 1934 hadi 1946 aliongoza Chama cha Kikomunisti cha Norway. Nyumba yake ilikuwa kubwa na yenye kelele. Kati ya watoto wake, saba waliingia kwenye uigizaji: Aud, Gerd, Ada, Oscar, Stig, Lill na Gøril. Katika nchi ndogo kama Norway, ukoo mmoja kutoa waigizaji saba wa kizazi kimoja ni jambo ambalo halijazoeleka hata leo.

Swali la kwanza ambalo msomaji atajiuliza ni kwa nini Aud hakufanya filamu kwao. Jibu ni kwamba kwao hapakuwa na kazi ya kutosha. Filamu ya kwanza ya hadithi nchini Norway, Fiskerlivets farer, inayohusu hatari za maisha ya wavuvi, ilitengenezwa muongo mmoja tu kabla ya kampuni ya akina dada hao, na baada yake utengenezaji ulikuwa wa kusuasua. Halafu mwaka 1913 bunge lilipitisha sheria iliyozipa halmashauri za miji mamlaka ya kutoa leseni za kumbi za sinema. Miji mingi ilichukua nafasi hiyo kuendesha kumbi yenyewe. Faida ya tiketi, ambayo kwa Denmark na Sweden ilizunguka na kurudi katika kutengeneza filamu mpya, kwa Norway iliingia katika mfuko wa mji. Ilijenga mambo mengi mema ya miji hiyo, lakini wenye mitaji binafsi walikosa sababu ya kuthubutu. Hadi mwaka 1920 ndipo mwongozaji Rasmus Breistein alipotoa Fante-Anne, filamu ya maisha ya kijijini ambayo Wanorway wengi huihesabu kuwa mwanzo wa sinema yao wenyewe. Wakati huo Aud alikuwa na miaka saba katika kazi hiyo, yote ugenini.

Njia yake ilipitia Copenhagen. Bjørn Bjørnson, mtoto wa mwandishi Bjørnstjerne Bjørnson aliyepata Tuzo ya Nobel ya Fasihi mwaka 1903, alikuwa mkurugenzi wa kwanza wa ukumbi wa Nationaltheatret wa Kristiania, mji unaoitwa Oslo leo. Mwaka 1913 aliongoza filamu Denmark iliyoitwa Scenens Børn, yaani watoto wa jukwaa, na akampa Aud nafasi. Denmark ilikuwa taifa kubwa la filamu kwa wakati huo. Mwigizaji wake Asta Nielsen alikuwa amekwisha hamia Ujerumani mwaka 1911 na kuwa nyota inayojulikana Ulaya nzima. Njia ya kutoka Copenhagen kwenda Berlin ilikuwa wazi, na Aud aliifuata. Mwaka 1914 alikuwa Ujerumani.

Lugha haikumzuia, kwa kuwa filamu zilikuwa bubu. Mwigizaji alisema alichosema, na mtazamaji alisoma maandishi machache kati ya picha na picha. Kilichohesabiwa ni uso na mwili, na jinsi mtu anavyojua kusimama mbele ya kamera isiyosogea sana. Lakini kazi ilikuwa na mitego yake. Filamu za miaka hiyo hazikuiona rangi nyekundu. Midomo iliyopakwa rangi ilitoka nyeusi kama makaa, na macho ya samawati yalififia hadi kuwa kama meupe. Waigizaji wa Skandinavia walilazimika kujifunza upya nyuso zao: wapake nini, wasimame wapi, taa iwagonge kutoka upande gani. Studio zilikuwa na mapaa ya vioo ili kuvuna mwanga wa jua, na jua lilipokosekana ziliwashwa taa za umeme zilizochoma macho. Anayetazama filamu hizo leo na kuona mwigizaji aliyetulia, akumbuke kwamba utulivu huo ulikuwa kazi.

Vita ndivyo vilivyowafungulia akina Egede-Nissen mlango. Kabla ya mwaka 1914 kumbi za Ujerumani zilijaa filamu za Ufaransa, Italia, Marekani na Denmark. Mapigano yalizikata za maadui, na mwaka 1916 serikali ilizuia uingizaji wa filamu za nje karibu zote. Watazamaji hawakupungua, waliongezeka, maana ukumbi wa sinema ulikuwa burudani ya bei nafuu. Kumbi zikabaki wazi, zikihitaji filamu mpya kila wiki, na kampuni za ndani zikachipuka mara kadhaa ya zile zilizokuwapo kabla. Mwishoni mwa mwaka 1917 serikali na benki kubwa ziliunda Ufa, kampuni ambayo baadaye ingemeza nyingi kati ya hizo ndogo. Dada hao watatu waliingia sokoni katika upenyo huo mwembamba.

Mume wa kwanza wa Aud, Georg Alexander, alikuwa mwigizaji na mwongozaji Mjerumani, na ndiye aliyeongoza filamu nyingi za kampuni. Aud, Gerd na Ada walizicheza. Walitoa vichekesho, hadithi za mapenzi, na visa vya upelelezi ambavyo watu walivipenda sana wakati huo. Hazikuwa filamu za kubadili dunia, na sioni haja ya kuzipamba. Thamani yake ilikuwa kwamba zilimweka mwanamke kijana katika chumba kinachoamua nani atalipwa nini, filamu ipi itengenezwe, na nani atakuwa mbele ya kamera. Wanawake wachache sana wa Ulaya walikuwa wamefika hapo. Amani ilipokuja na filamu za nje kurudi sokoni, huku Ufa ikipanuka, kampuni ndogo zilikosa pumzi. Ya akina Egede-Nissen ilifungwa.

Aud alikuwa na miaka 27 wakati huo, na ndipo ilipoanza miaka yake bora.

Mwaka 1920 pekee alionekana katika filamu mbili kubwa za Lubitsch. Katika Sumurun, hadithi ya jumba la shehe aliyoicheza Pola Negri, Aud alikuwa Haidee, mtumishi. Katika Anna Boleyn alipanda cheo: alikuwa Jane Seymour, mwanamke anayemchukua Mfalme Henry VIII kutoka kwa malkia. Henny Porten alicheza malkia, na Emil Jannings alikuwa mfalme mwenye njaa ya kila kitu. Jane wa Aud hapigi kelele. Anasogea karibu na mfalme hatua kwa hatua, akiwa mpole, akijua vema kwamba kila tabasamu lake linamsogeza mwenzake kwenye shoka. Hapo ndipo waongozaji walipoona kipaji chake halisi: kumcheza mwanamke anayeleta madhara bila kumfanya kuwa zimwi.

Fritz Lang alikitumia kipaji hicho mwaka 1922 katika Dr. Mabuse, der Spieler, filamu ya sehemu mbili yenye urefu wa zaidi ya saa nne, iliyoandikwa na Thea von Harbou kutokana na riwaya ya Norbert Jacques. Mabuse, aliyechezwa na Rudolf Klein-Rogge, ni mhalifu anayetawala akili za watu kwa macho, anayetikisa soko la hisa, anayewachuna matajiri kwenye meza za karata. Aud ni Cara Carozza, mnenguaji anayempenda.

Mara ya kwanza tunamwona jukwaani. Vichwa viwili vikubwa ajabu, vyenye pua ndefu zinazochongoka, vimeelekezwa kwake, naye anacheza katikati yake, akivikwepa na kuvichokoza, huku ukumbi ukimshangilia. Seti yenyewe ni kejeli kwa wanaume walioketi wakimkodolea macho, na Aud anaicheza kwa furaha ya mtu anayejua kwamba yeye ndiye anayewatazama wao. Kisha anatumwa kumnasa Edgar Hull, kijana wa tajiri, na anamnasa bila jasho. Hull alichezwa na Paul Richter. Miaka miwili baadaye, mwaka 1924, Aud na Richter walioana, na mwaka huohuo Richter alijulikana kote Ulaya kama Siegfried katika Die Nibelungen ya Lang.

Lakini uzito wa Cara uko gerezani. Hull ameuawa, Cara amekamatwa, na mwendesha mashtaka von Wenk anachotaka ni jina moja tu. Cara hasemi. Mwanamke mwingine, Countess Told, anawekwa katika chumba chake ajifanye mfungwa mwenzake ili amtoe siri. Cara anamfichulia jinsi anavyompenda mtu huyo, si jina lake. Mbele ya kamera Aud hana vazi la kung'aa wala jukwaa. Ana nywele zilizovurugika, gauni la mfungwa, na mwili uliochoka. Uso wake unatuonyesha mtu anayejua kwamba mwanamume anayemlinda hamthamini, na bado anamlinda. Mabuse anampelekea sumu, naye anainywa. Katika filamu iliyojaa magari yanayokimbizana na karata zinazobadilika, hicho ndicho kisa kinachoumiza.

Mwaka huohuo alifanya kazi na Murnau katika Phantom, iliyotokana na riwaya ya Gerhart Hauptmann. Alfred Abel ni karani maskini anayepoteza akili baada ya kugongwa na gari la farasi la msichana tajiri. Aud ni Melanie, dada yake, anayeikimbia nyumba ya ufukara na kuishia mitaani. Nafasi ni ndogo. Angalia, hata hivyo, anavyomtazama mama yake kabla ya kutoka: hasira na aibu vimekaa pamoja katika uso uleule, na hakuna maandishi yanayotufafanulia.

Kama ningeombwa kuchagua filamu moja, ningechagua Die Straße ya Karl Grune, iliyotolewa mwishoni mwa mwaka 1923. Huo ndio mwaka ambao dola moja ya Marekani ilibadilishwa kwa zaidi ya marki trilioni nne, na wafanyakazi walibeba mishahara yao kwa vikapu. Filamu yenyewe haitaji uchumi hata mara moja. Mwanamume wa makamo, aliyechezwa na Eugen Klöpfer, amelala kwenye kochi sebuleni. Mkewe anaandaa supu. Vivuli vya wapita njia vinacheza darini kutoka kwenye taa za mtaani. Anainuka, anachungulia dirishani, na anaona mtaa unaochemka kwa starehe. Mkewe anachungulia dirisha hilohilo na kuona mtaa tu. Mwanamume anachukua kofia na kutoka.

Nje anakutana na mwanamke anayefanya biashara ya usiku. Ni Aud. Anasimama, mwanamume anamkaribia, na ghafla uso wake unageuka fuvu la kichwa, kisha unarudi kuwa uso. Ni mchezo wa kamera, lakini unafanikiwa kwa sababu kabla na baada yake Aud hafanyi chochote cha ajabu. Hana jicho la kichawi wala mkao wa mwuaji. Ni mwanamke aliye kazini, anayempima mteja kama ana fedha. Baadaye, katika klabu ya karata, na usiku unapoishia katika mauaji ambayo yeye na mwenzake wanamsingizia mwanamume huyo, bado anabaki hivyohivyo: mwanamke mwenye hesabu zake na hofu yake. Filamu ina maandishi machache mno. Kila kitu ni juu ya mabega ya waigizaji, na miongoni mwao yumo Max Schreck, yule wa Nosferatu, akicheza mzee kipofu.

Die Straße ilizaa wimbi zima la filamu za mitaani nchini Ujerumani. Mhakiki Siegfried Kracauer, katika kitabu chake cha mwaka 1947 kuhusu sinema ya Ujerumani kabla ya Hitler, aliisoma kama hadithi ya mwanamume anayethubutu kuasi na kurudi kwa mkewe ameinamisha kichwa, ambako supu inamsubiri. Ni usomaji wenye nguvu. Lakini umemwacha mwanamke wa mtaani nje ya mlango. Mwanamume ana nyumba ya kurudi, mwanamke huyo hana. Aud alilicheza hilo mbele ya kamera wazi kabisa, miaka zaidi ya 20 kabla ya kitabu hicho kuandikwa, na wasomaji wa kitabu wamekuwa wengi kuliko watazamaji wa uso wake.

Baada ya hapo kasi ilipungua. Yeye na Richter waliigiza pamoja katika Pietro, der Korsar mwaka 1925, filamu ya maharamia, na Schwester Veronika ya Gerhard Lamprecht mwaka 1927. Zilikuwa kazi nzuri za soko. Mwishoni mwa muongo, sauti iliingia kwenye filamu, na lafudhi ikawa suala la ajira. Mnorway mwingine, Greta Nissen, alilipata pigo hilo Marekani: Howard Hughes alikuwa amekwisha kumpiga picha katika Hell's Angels kama filamu bubu, akaamua kuirudia kwa sauti, na nafasi ikaenda kwa Jean Harlow kwa kuwa Kiingereza cha Greta kilisikika cha Skandinavia.

Aud alirudi Norway mwanzoni mwa miaka ya 1930 na kuendelea na jukwaa. Mwanawe, Georg, aliyezaliwa Berlin mwaka 1915 na kuchukua jina la baba wa kambo, Richter, naye alikuwa mwigizaji nchini Norway. Dada za Aud pia walirudi kwenye maonyesho ya jukwaani. Gerd alikuwa mmoja wa waigizaji wakubwa wa Nationaltheatret. Mwaka 1940, Wajerumani walipoivamia Norway, aliikimbia nchi, na aliolewa na mshairi Nordahl Grieg. Wakati wa vita alisafiri hadi Iceland na kuigiza na kuongoza tamthilia kwa ajili ya harakati za Norway huru. Nordahl aliuawa Desemba 1943 akiwa mwandishi wa habari ndani ya ndege ya mabomu iliyotunguliwa ilipokuwa ikiishambulia Berlin, mji ambao mkewe na shemeji zake walikuwa wameujengea jina.

Aud alifariki dunia mwaka 1974, akiwa na miaka 81. Filamu nyingi za kampuni yake zimepotea. Zilichapwa kwenye naitreti, malighafi inayoshika moto haraka na kuoza ikihifadhiwa vibaya, na hakuna aliyedhani vichekesho vya wakati wa vita vinastahili chumba baridi cha hifadhi. Waliohifadhi filamu walianza na majina ya waongozaji maarufu, kwa hiyo Aud mwajiriwa wa Lang tunaye, na Aud mwenye kampuni tumebaki naye kwenye matangazo ya magazeti na vipande vichache. Hata upande wa waongozaji wakubwa haukunusurika wote: Die Austreibung, aliyoicheza chini ya Murnau mwaka 1923, haijapatikana, ilhali Phantom, iliyoaminika kwa muda mrefu kuwa imepotea, ilipatikana na kukarabatiwa. Mabuse na Die Straße zinaonyeshwa katika matamasha ya filamu bubu kwa muziki wa moja kwa moja. Anayetaka kumfahamu Aud Egede-Nissen aanze na Die Straße, halafu sehemu ya pili ya Mabuse, kwenye chumba cha gereza.